Fuata jina: Rebeka wanne wa riwayani, na ushauri wangu wa kuwasoma

Nilipewa jina la bibi mzaa baba, Rebeka. Bibi alikuwa na Biblia ya jalada jeusi, na kurasa za Mwanzo 24 zilikuwa zimelegea kuliko nyingine zote kwa kufunguliwa mara kwa mara. Jioni alinisomea habari za yule msichana anayeshuka kisimani na mtungi begani. Mgeni anamwomba maji, naye anampa, kisha anasema atawatekea na ngamia wake mpaka watosheke. Hapo bibi alikuwa akinyamaza kidogo. "Ngamia kumi, mjukuu wangu. Hebu hesabu mwenyewe ni mitungi mingapi."

Kwa miaka mingi nilidhani jina langu linaishia pale kisimani. Halafu siku moja, kwenye meza ya vitabu vya mtumba, nikaliona limeandikwa kwa herufi kubwa juu ya jalada: Rebecca, cha Daphne du Maurier. Enzi hizo nilikuwa nasoma riwaya za mapenzi tu. Nilikuwa na imani kwamba riwaya za kihistoria ni za wanaume wenye subira, na za watoto nimeshazipita umri. Kile kitabu nilikinunua kwa sababu ya jina, basi. Nikakisoma nikimngoja Rebecca aingie. Haingii. Alikwisha kufa kabla hadithi haijaanza, na anayesimulia ni mke wa pili, binti ambaye jina lake mwenyewe hatuambiwi tangu ukurasa wa kwanza hadi wa mwisho.

Kutoka hapo nikaanza kulifuata jina langu popote linapokwenda, na ndiyo njia ninayomshauri mtu yeyote anayeona usomaji wake umekwama. Chagua jina moja la kike, lako au la mama yako, kisha tafuta riwaya ambazo mhusika mkuu wake analo. Usijali ziko kwenye rafu gani dukani. Sisi wasomaji hujiwekea ua wenyewe: huyu ni wa upelelezi, yule ni wa mapenzi, mwingine hataki kusikia kitabu kilichoandikwa kabla hajazaliwa. Jina halina habari na ua huo. Litakupeleka kwenye utanzu ambao usingeugusa kwa hiari yako, na utaingia ukiwa tayari una mtu unayemfahamu mle ndani.

Mimi nilianzia mahali pagumu. Wewe anza na Rebecca of Sunnybrook Farm cha Kate Douglas Wiggin, kilichotoka Marekani mwaka 1903. Ni riwaya ya watoto, Kiingereza chake mwanafunzi wa kidato cha tatu anakimudu, na ukurasa wa kwanza tu unaanza safari. Msichana kutoka familia ya watoto saba anapelekwa kulelewa na dada wawili wa mama yake wasioolewa katika kijiji cha Riverboro, jimbo la Maine. Amepanda gari la farasi la mzee Jeremiah Cobb, na mkononi ana kimwavuli cha rangi ya waridi. Jua linawaka, lakini hakifungui. Anamweleza mzee kwamba hakifungui kamwe kukiwa na jua, kwa kuwa rangi ya waridi hupauka. Niliposoma hapo nilimkumbuka kila mtoto niliyemjua ambaye viatu vyake vya sikukuu vilimpwaya mwanzo na kumbana baadaye, kwa sababu siku ya kuvivaa ilikuwa haifiki. Baadaye, akitaka kujiadhibu kwa kosa alilotenda, anakichukua kimwavuli hicho hicho na kukitupa kisimani. Rebeka na kisima tena! Mwandishi alikusudia au hakukusudia, mimi nilikiweka kitabu kifuani nikamfikiria bibi.

Katika safari ile ile ya gari la farasi, mtoto anamweleza mzee Cobb majina ya nyumbani kwao yametoka wapi. Lake, anasema, limetolewa katika Ivanhoe. Jina lake kamili ni Rebecca Rowena Randall. Nyumbani kwao, shamba lililolemewa na madeni na watoto, mtoto mmoja amepewa majina ya wanawake wawili wa riwaya hiyo. Kumbe watu wa vitabuni nao hupewa majina ya watu wa vitabuni.

Basi ikabidi niende Ivanhoe, riwaya ya kihistoria ya Walter Scott, iliyotoka Desemba 1819. Hapa nitasema wazi, maana ushauri usiotaja mahali penye mwiba haufai. Nilikiacha mara mbili. Kinafunguka msituni kwa mazungumzo marefu ya mchunga nguruwe na mchekeshaji wa bwana wake, na Rebecca haonekani mpaka sura ya saba, kwenye mashindano ya mikuki kule Ashby. Mara ya tatu nilifanya hivi: nikasoma sura sita za mwanzo harakaharaka, nikiokota tu nani ni bwana wa nani, kisha nikapunguza mwendo alipotokea Rebecca. Fanya vivyo hivyo. Hutapoteza kitu.

Rebecca huyu ni binti wa Isaac wa York, Myahudi katika Uingereza ya mwishoni mwa karne ya 12, wakati Myahudi anaweza kunyang'anywa mali na kutukanwa mchana kweupe bila mtu kuuliza. Yeye ni mganga, ndiye anayemtibu majeraha Ivanhoe, askari mwenye jina la riwaya. Baba yake anapolipwa vipande themanini vya dhahabu kwa farasi na silaha alizomkopesha Ivanhoe, binti anamwita kando yule mtumishi aliyeleta fedha na kumpa mfuko wa vipande mia: themanini amrudishie bwana wake, vinavyobaki vyake. Baadaye anatekwa na shujaa wa kikundi cha Templar, watawa wa Kikristo wapiganao vita, na anapoona hana pa kukimbilia anasimama ukingoni mwa mnara na kumwambia akipiga hatua moja zaidi atajirusha. Yule mtu anasimama. Kisha wanakuja kumshtaki kwa uchawi, kwa sababu ya ule ule uganga uliowaponya watu. Nimekulia mahali ambapo ajuza mwenye macho mekundu aliweza kuitwa mchawi kwa neno la jirani mmoja. Sura ile ya mahakama niliisoma nimesimama.

Tahadhari moja. Scott anamheshimu Rebecca, ila baba yake amemchora kwa dhana za kudhalilisha Wayahudi zilizokuwa zimezagaa enzi hizo: ubahili, kutetemeka, fedha kila neno. Ukisoma na kijana, simama hapo mzungumze. Usiruke.

Mwishoni Ivanhoe anamwoa Rowena. Rebecca anakwenda kwa bibi harusi, anampa kijaluba cha vito vya thamani, anaaga na kuondoka na baba yake kwenda Granada. Wasomaji wengi wa wakati ule walikasirika. Scott alilazimika kujieleza katika utangulizi wa toleo la 1830. Na mmoja wa waliokasirika aliamua kuandika mwisho wake mwenyewe: William Makepeace Thackeray, ambaye katika kijitabu chake Rebecca and Rowena cha mwaka 1850 anamwoza Rebecca kwa Ivanhoe hatimaye. Nilipogundua hili nilipiga makofi peke yangu sebuleni, maana mwandishi huyo huyo, miaka michache kabla, alikuwa ameipa dunia Rebecca wa tatu kwenye orodha yangu.

Huyu ni Becky (yaani Rebecca kwa kifupi) Sharp wa Vanity Fair, riwaya ya tashtiti iliyotoka kidogo kidogo, kila mwezi, kuanzia Januari 1847 hadi Julai 1848. Ni kitabu kinene, na hapa ushauri wangu ni kukisoma kama kilivyotoka. Soma sura tatu au nne kwa juma, uziongee na mtu, uendelee. Ukitaka kukimeza kwa siku mbili kitakushinda.

Tunaofundishwa habari za majazi shuleni, kwamba Rehema wa riwaya ya Nyota ya Rehema na Bahati wa Kiu hawakupewa majina hayo bure, tutamwelewa Thackeray upesi. Jina la ukoo la Sharp maana yake ni ukali, kama wa kisu. Siku anaondoka shuleni, Becky anapewa kamusi kama zawadi, naye anaitupa nje kupitia dirisha la gari mbele ya macho ya mwalimu aliyemletea. Ni binti wa mchoraji maskini na mcheza dansi Mfaransa, hana mahari, hana ndugu wa kumsemea, na ameazimia kuolewa na mwanamume mwenye mali.

Nataka ukifika sura ya tatu uisome polepole. Becky yuko mezani kwa akina Sedley, anamwinda kaka wa rafiki yake, aliyerudi kutoka India. Linaletwa bakuli la mchuzi wa Kihindi wenye bizari. Ili ampendeze, anasema anaupenda, huku kinywa kinamuungua. Jamaa anamwambia ajaribu pilipili pamoja nao. Sasa, neno la Kiingereza alilolitumia kwa pilipili linasikika kama neno la baridi, na msichana wa watu anadhani ni kitu cha kutuliza moto. Anaitia mdomoni. Anaomba maji kwa sauti, wanaume wanacheka. Nasi tunaojua pilipili kichaa inavyofanya kazi tunaumia naye. Lakini tazama anachokifanya baada ya kumeza maji na hasira pamoja: anatabasamu na kusema angepaswa kumkumbuka binti mfalme wa Uajemi katika Alfu Lela Ulela, aliyetia pilipili kwenye vitumbua vyake vya maziwa. Kwa sentensi moja ameibadili aibu yake kuwa burudani ya meza nzima. Tangu hapo nikajua huyu mwanamke hatashindwa kirahisi, na nikajua pia kwamba sitaweza kumchukia, hata anapofanya mambo ya kuchukiza. Na atayafanya mengi.

Nilikuwa naandika kwenye daftari, kila Rebeka na ukurasa wake, na swali lililonifungulia mambo kuliko yote lilikuwa hili: nani analitamka jina lake, na kwa sauti gani? Jaribu nawe. Yule wa Maine analitaja mwenyewe kwa fahari, mpaka la Rowena. Yule wa York huitwa zaidi kwa dini yake kuliko kwa jina. Becky anafupishwa na mume anayempenda. Na katika kitabu cha du Maurier, kilichotoka Agosti 1938, jina liko kila mahali isipokuwa kwa mwenye kusimulia. Mtunza nyumba, Bi Danvers, analitamka kama sala. Herufi R, ndefu na iliyoinama, imeandikwa ndani ya kitabu cha mashairi, na mke mpya anaukata ukurasa ule na kuuchoma moto. Kuna mahali simu inalia asubuhi chumbani, sauti inamwita Bi de Winter, naye anajibu kwamba wamekosea, Bi de Winter amefariki zaidi ya mwaka sasa. Anasahau kwamba Bi de Winter ni yeye. Nywele zilinisisimka, na hakuna hata mzuka mmoja katika chumba kile. Hivyo ndivyo riwaya ya taharuki inavyofanya kazi ikiwa mikononi mwa fundi: inakutisha kwa jina tu.

Kitabu hicho usiambiwe mwisho wake na mtu. Mimi nilimwambia rafiki yangu wa karibu siri ya mashua nikidhani namshawishi akisome, na hakukisoma mpaka leo. Bado inaniuma. Filamu ya kitabu hicho aliyoiongoza Hitchcock mwaka 1940 nayo iache mpaka umalize, kwa sababu walibadilisha jambo moja zito.

Kuhusu kuvipata: vile vitatu vya zamani haki zake zimekwisha na vinapakuliwa bure kwenye tovuti ya Project Gutenberg, hata kwa simu ndogo. Cha du Maurier, aliyefariki 1989, kinunue au kiazime maktaba. Becky Thatcher wa Tom Sawyer, riwaya ya Mark Twain, nimemwacha kando kwa makusudi. Hadithi ni ya Tom, yeye anapita tu.

Mwaka huu tunasoma watatu: mimi, mke wa kaka yangu, na binti yao, ambaye naye ni Rebeka. Tumemaliza Sunnybrook Farm. Juzi mtoto aliniandikia usiku: "Shangazi, nimefika kwa Ivanhoe sura ya saba. Ameingia." Nikawasha taa, nikatafuta nakala yangu, nikaanza pamoja naye.