Mpira wa meza unaweza kuwa kazi?

SWALI: Mhariri, mwanangu mwenye umri wa miaka 15 anataka mpira wa meza uwe kazi yake. Je, yupo Mwafrika aliyeishi kwa mchezo huo?

JIBU: Yupo, ndugu msomaji. Quadri Aruna, aliyezaliwa Nigeria mwaka 1988, amejipatia riziki kwa kuchezea klabu za Ulaya, zikiwemo za Ureno na Ujerumani, kwa kuwa klabu humlipa mchezaji mshahara, ilhali zawadi za mashindano huwafikia wachache tu. Katika Olimpiki ya Rio mwaka 2016 alimtoa Timo Boll wa Ujerumani kwa seti 4-2, akawa Mwafrika wa kwanza kufika robo fainali ya wanaume mmoja mmoja, ambako Ma Long wa China alimshinda 4-0. Silaha yake ni pigo la mkono wa mbele, yaani la kiganja kikielekea mpira, ambalo huuzungusha mpira kwa nguvu hata akiwa amesukumwa mbali na meza. Nikuambie wazi kwamba mwanao amechelewa kidogo, maana wachezaji wengi wa China hushika raketi kabla ya kutimiza miaka saba. Mtafutie kocha mapema, na shule asiiache.