Ukumbi ulicheka, video imepoa

SWALI: Napiga video za harusi hapa Moshi, mwaka wa tatu sasa, na ndoto yangu ni kuongoza vipindi maalumu vya vichekesho vya televisheni. Juzi nilirekodi mchekeshaji kwa kamera tatu. Watu walicheka hadi machozi, lakini kwenye video utani wote umepoa. Nimekosea wapi, na njia ya kazi hii ni ipi?

JIBU: Ndugu msomaji, kabla ya kuzilaumu kamera, sikiliza sauti. Maiki ya mchekeshaji hunasa mdomo ulio karibu. Kicheko cha ukumbi huifikia kama uvumi tu. Weka maiki mbili au nne pembeni mwa jukwaa, zielekee watu na kuzipa spika mgongo, kila moja irekodiwe peke yake. Usizipitishe kwenye spika, zitapiga mluzi. Wapigishe watu makofi kabla ya shoo, kilele cha sauti kiishie karibu -12 dB kwenye mita ya kinasa sauti, kwa sababu kicheko hulipuka ghafla na sauti iliyopasuka haitengenezeki. Maiki ya watazamaji ikiwa mita 17 kutoka spika, sauti ya mchekeshaji huifikia ikiwa imechelewa sehemu 1 ya 20 ya sekunde. Unapohariri, iwahishe kwa kiasi hicho, usije ukapata mwangwi.

Halafu viti. Ukumbi uliopangwa meza za duara za harusi huua kicheko, kwani nusu ya watu wameligeuzia jukwaa mgongo na kila meza inacheka peke yake. Ondoa meza, panga safu, jaza za mbele kwanza. Paa likiwa bati lisilo na dari, usirekodi wakati wa masika.

Kamera tatu zinatosha: moja pana nyuma katikati, isiyozimwa, moja ya kiunoni kwenda juu, moja ya pembeni. Ukipata ya nne, igeuzie watazamaji. Zote ziwe fremu 25 kwa sekunde na shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) 1/50 ya sekunde, maana umeme wetu ni hezi 50 na baadhi ya taa huonekana zikipepesa kwenye video. Baadhi ya kamera za picha za mnato, hasa za zamani, hukata kurekodi zikikaribia dakika 30, kwa hiyo ziwashe kwa kupishana.

Mkono wa harusi huzoea kubadili picha kila mara. Hapa, usikate kwenye neno la mwisho la utani: jicho likihama, sikio hulikosa neno. Kicheko kikishaanza, onesha watu, kisha urudi kabla mchekeshaji hajafungua kinywa. Akichekesha kwa miguu, kaa kwenye picha pana. Rekodi shoo mbili, avae nguo zilezile, ili utani ulioteleza leo uuchukue wa kesho.

Kuhusu njia, mwongozaji Marty Callner, aliyeongoza kipindi cha mchekeshaji Robert Klein kwa HBO, televisheni ya Marekani, mwaka 1975, alitokea kwenye matangazo ya michezo. Si ajabu: mpira hukufundisha kufuata kitu usichokiamuru. Omba kushika kamera kwenye mechi za uwanja wa Ushirika, Moshi, au Sheikh Amri Abeid, Arusha, hata ibada zinazorushwa mubashara, kisha uombe kukaa kwenye mashine ya kuchagua picha. Hapo ndipo utazoea kuita, “Mbili jiandae… mbili!”, bila kusita.