Nitie Sahihi au Nikate Rufaa?

Swali: Assalaam alaykum, mshauri. Mimi ni muuza viazi vya karai Kongowea. Mwaka juzi nilikuwa nikishuka kwenye matatu, mguu mmoja ukiwa umeshakanyaga lami na wa pili ungali kwenye ngazi, makanga akagonga bodi la gari na dereva akaondoa. Nilivunjika muundi wa kulia, nikatiwa chuma. Wiki iliyopita hakimu alinipa fidia ya maumivu ya shilingi 600,000, kisha akakata asilimia 20 akisema nilishuka kwa pupa, na akakataa gharama ya kuja kutolewa chuma. Dereva hakufika mahakamani kabisa. Watu wa bima wananiita nitie sahihi nichukue 480,000. Nifanyeje?
Msomaji, Kisauni

Jibu: Wa alaykum salaam, dada yangu, na pole kwa maumivu. Usitie sahihi karatasi yoyote kabla wakili wako hajaisoma, kwa kuwa hati ambazo kampuni za bima huwapa wadai mara nyingi hutamka kwamba malipo hayo ni kamili na ya mwisho, na ukishaikubali hati ya namna hiyo rufaa yako itakuwa imejifunga mlango. Muda nao ni mfupi: kutoka kwa hakimu kwenda Mahakama Kuu, hapa Mombasa kama kwingineko Kenya, rufaa huwasilishwa ndani ya siku 30.

Malalamiko yako matatu hayana uzito sawa. Kuhusu hizo 600,000, Mahakama Kuu haiongezi fidia kwa sababu tu jaji mwenyewe angetoa zaidi. Kama ilivyoelezwa katika kesi ya Butt dhidi ya Khan, mrufani hutakiwa kuonyesha kwamba hakimu alifuata msingi usio sahihi wa sheria au kwamba kiasi alichotoa ni kidogo kupita kiasi. Wakili wako atafute hukumu za karibuni za watu waliovunjika muundi na kutiwa chuma kama wewe. Ikiwa walipewa kiasi kinachokaribiana na chako, hapo sikushauri upoteze fedha.

Gharama ya kutoa chuma ina tatizo jingine. Matibabu ya baadaye ni lazima yatajwe katika hati ya madai, na yakikosa kutajwa humo, hata ripoti ya daktari inayoyaeleza haitoshi. Isome hati hiyo kwanza. Kama wakili aliyaacha, swali hilo ni la kumuuliza yeye kabla ya kumlaumu hakimu.

Nguvu yako, kwa maoni yangu, imo katika ile asilimia 20, yaani shilingi 120,000. Anayedai kwamba majeruhi alichangia ajali ndiye anayepaswa kuthibitisha, na madai yaliyoandikwa katika hati ya utetezi si ushahidi. Kama dereva hakuapa wala kuhojiwa, na makanga vilevile, basi hiyo pupa ilitoka wapi? Hata hivyo huenda ilitoka kinywani mwako ulipokuwa ukiulizwa maswali na wakili wa upande wa pili, jambo ambalo wadai wengi hulisahau. Kwa rufaa ya kwanza, jaji huupima upya ushahidi wote, ingawa hukumbuka kwamba hakuwaona mashahidi kwa macho yake.

Ujue pia kwamba upande wa pili unaweza kuleta rufaa yake ndani ya yako na kuomba hizo 600,000 zipunguzwe, na kwamba anayeshindwa kwa kawaida hubebeshwa gharama. Hakikisha vilevile kwamba kesi yako haikusikilizwa katika Mahakama ya Madai Madogo, ambayo husikiliza madai yasiyozidi shilingi 1,000,000, maana kutoka huko hukatiwa rufaa hoja za kisheria pekee.

Wiki hii nenda masijala ya mahakama na wakili wako, muombe nakala ya hukumu na mwenendo wa kesi uliopigwa chapa, kisha msome mahali ulipohojiwa kuhusu namna ulivyoshuka.