Kwa nini G hupandishwa katika A maina

Ndugu, umeuliza kwa nini skeli ya A maina (ngazi ya noti ya aina ya "minor" inayoanzia A) huonekana mara na G, mara na G shapu, yaani G iliyopandishwa nusu toni, hatua ndogo kabisa kati ya noti. Maina ya asili, umbo lake la msingi, hupanda kwa toni (nusu toni mbili), nusu toni, toni, toni, nusu toni, toni na toni. Hivyo G hukaa toni nzima chini ya A na haiivuti sauti irudi nyumbani, yaani kwenye A. Maina ya hamoni, umbo la pili, huipandisha G kwa sababu hiyo, ingawa kati ya F na G shapu hubaki pengo la nusu toni 3, ambalo waimbaji hulikwaa mara nyingi (nami nilihangaika nalo). Maina ya melodi, umbo la tatu, huliziba pengo hilo kwa kupandisha F pia wakati wa kupanda, kisha hushuka kama ya asili.