"Anavaa kofia" au "amevaa kofia"?

SWALI: Naandika maelezo ya Kiswahili ya kusomwa juu ya filamu ya mwaka 1906 isiyo na sauti, inayoonyesha barabara ya Market, San Francisco. Nimeandika: "Mwanamume anavaa kofia nyeusi, anavuka barabara. Mwenye gari la farasi anakaa juu." Mwenzangu ataka yote yawe katika -li-, kwa kuwa watu hao wamekwisha kufa. Nani kapatia?

JIBU: Kufa kwao hakuhusiki. Mtazamaji anawaona sasa, basi -na- ni halali, kama mtangazaji wa mpira anavyosema "anapiga chenga, anatoa pasi".

Kosa lako liko kwingine. "Anavaa kofia" maana yake ndiyo kwanza anaiweka kichwani, au ni mtu wa kofia siku zote. Ikiwa kofia iko kichwani tayari, amevaa. Vitenzi vya hali ya mwili vyote huenda hivyo: amesimama, ameshika hatamu, amebeba mzigo, amepanda baiskeli. Na huyo "anakaa juu" umempa makazi kwenye gari la farasi! Sema amekaa. Kosa hili limejaa katika maelezo ya picha magazetini, na halitoki kwa wazungumzaji. Linatoka kwa wanaotafsiri neno kwa neno.

Baada ya kitenzi "kuona", tumia -ki-: "tunawaona watu wakivuka mbele ya tramu". Ukisema "wanaovuka" unawabagua na wasiovuka, jambo ambalo pengine hukulikusudia.

Mwenzako naye ana sehemu yake. Yaliyo nje ya picha ni ya -li-, na -ka- hufuata: "Ndugu wa familia ya Miles waliiweka kamera mbele ya tramu, wakapiga filamu ya dakika kama 13. Siku chache baadaye, tarehe 18 Aprili, tetemeko lilitokea, moto ukazuka, majengo mengi ya barabara ile yakateketea." Usichanganye -na- ya picha na masimulizi hayo ya -li- na -ka- ndani ya sentensi moja: "gari linapita, farasi akashtuka" inasikika kama umeruka kipande cha mkanda.

Jengo la vivuko lenye mnara wa saa, ambako safari ya tramu inaishia, lilinusurika. Hapo andika tu "lipo mpaka leo". Halihitaji -na- wala -li- ya wakati; "li-" ya "lipo" ni ya jengo lenyewe.