Kwa Kijana Anayeanza Kurusha kwa Kasi

Kijana akija kwangu akisema anataka kuwa mrushaji wa kasi katika kriketi, huanza kwa kunitajia kasi yake. Mimi humuuliza jambo jingine: wiki iliyopita ulirusha mipira mingapi? Wengi hawajui. Wiketi zao, yaani wapigaji waliowatoa, wanazikumbuka zote, hata mpigaji gani alitolewa kwa mpira gani, lakini mipira ya kwenye neti za mazoezi hakuna aliyeihesabu. Nimefundisha vijana wa klabu hapa Uingereza kwa muda wa kutosha kuona nani anadumu na nani anapotea. Haya nawaandikia ninyi mnaoanza, mlioko huku na mlioko Nairobi, Dar es Salaam au Kampala, mnaotazama kriketi ya kaunti, yaani ya klabu za kulipwa za huku, kwenye simu na kutamani kufika huko.

Kwanza mjue mwili unafanya nini. Mrushaji wa kasi anakimbia, anaruka, kisha mguu wa mbele unatua na mwili wote unaujia juu. Nguvu inayopanda kutoka ardhini wakati huo ni mara kadhaa ya uzito wake. Papo hapo uti wa mgongo unainama upande, unapinda nyuma na kujizungusha, yote kwa mkupuo mmoja. Ova moja ni mipira sita. Ukirusha ova 20 kwa siku, umefanya hivyo mara 120, bila kuhesabu mipira ya kupasha mwili moto asubuhi. Mfupa hauvunjiki siku hiyo. Unachoka kidogo kidogo kama waya unaokunjwa huku na huku, hadi ufa unajitokeza, mara nyingi kwenye pingili za chini kabisa za kiuno, upande ulio kinyume na mkono unaorusha. Anayerusha kwa mkono wa kulia huumia kushoto.

Vijana ndio walio hatarini zaidi, kwa sababu mifupa ya kiuno huendelea kukomaa hata baada ya miaka 20, wakati misuli na hamu ya kurusha vimeshafika. Pat Cummins wa Australia alicheza mechi yake ya kwanza ya Test, yaani mechi ndefu ya kimataifa ya hadi siku tano, Johannesburg mwezi Novemba 2011 akiwa na miaka 18, akachukua wiketi 6 huku wapigaji wakimpata mikimbio (alama) 79 na kuwa mchezaji bora wa mechi. Test yake ya pili aliicheza Ranchi, India, Machi 2017. Zaidi ya miaka mitano ilipita katikati, na mgongo ndio uliomlia sehemu kubwa ya muda huo. Leo watu wanamjua kama nahodha aliyefanikiwa. Nawaomba muifikirie ile miaka mitano, na subira iliyotakiwa kwa kijana aliyekwisha kuonja sifa.

Sasa niwaeleze kuhusu Simon Jones, maana mrushaji wa kaunti ninayemtaja mara nyingi kuliko wote ni huyu. Alizaliwa Swansea, Wales, Desemba 1978, akalelewa na klabu ya kaunti ya Glamorgan. Kriketi ilikuwa damuni. Baba yake, Jeff Jones, alikuwa mrushaji wa kasi wa mkono wa kushoto wa Glamorgan na Uingereza, mwenye Test 15 na wiketi 44. Mwaka 1968, huko Georgetown, Jeff, aliyekuwa mpigaji wa mwisho kabisa, alisimama dhidi ya ova ya mwisho ya Lance Gibbs, mrushaji wa West Indies, bila kutoka, na Uingereza ikarudi na ushindi wa mfululizo ule. Muda mfupi baadaye kiwiko chake kiliharibika. Alikuwa na miaka 26 tu, na Test nyingine hakucheza tena.

Simon aliingia timu ya taifa mwaka 2002 katika uwanja wa Lord's dhidi ya India. Miezi michache baadaye, tarehe 7 Novemba 2002, siku ya kwanza ya Ashes, mfululizo wa Test kati ya Uingereza na Australia, mjini Brisbane, alikuwa akiufukuza mpira uwanjani. Akajirusha kuteleza ili auzuie, viatu vyake vikanasa kwenye nyasi laini, goti likajipinda na kano ikachanika. Alitolewa kwa machela. Hakuwa anarusha hata kidogo, na hapa nawaomba msimame kidogo. Warushaji wengi hujitunza wakiwa na mpira mkononi na kujisahau wakiwa wanacheza nje pembeni. Kuteleza kwenye nyasi ni ufundi unaofundishwa: mguu gani unakunjwa chini, goti linaelekea wapi, namna ya kuinuka. Ujifunze mazoezini, na kabla ya kila mechi tembea ukingoni mwa uwanja uone ardhi ni laini au ngumu. Sisemi kwamba Jones angefanya hivyo asingeumia. Lile lilikuwa jambo la bahati mbaya, na mchezo wowote una siku za namna hiyo.

Alirudi kwenye Test Machi 2004 huko West Indies, yaani baada ya miezi kama 16. Katika Test ya pili ya safari ile, Port of Spain, akachukua wiketi 5 kwa mikimbio 57. Ukisoma tarakimu hizo mbili haraka, unaweza kudhani goti lilipona lenyewe akaja kucheza. Aliyewahi kumtazama mtu akirudi kutoka jeraha la kano ya goti anajua kilichomo katikati. Kuna wiki za kujifunza kukunja goti upya, miezi ya mazoezi ya paja asubuhi na jioni bila mtu wa kukushangilia, halafu siku ya kwanza ya kukimbia, unapogundua kwamba mguu unaweza lakini moyo haujauamini. Katika kundi langu, hapo ndipo wengi hukata tamaa. Si kwenye maumivu, ni kwenye kule kurudia jambo dogo kila siku wakati wenzako wanacheza.

Kisha ikaja 2005. Uingereza iliichukua Ashes kwa ushindi wa 2-1, na Jones alikuwa silaha yao ya mpira mkuukuu. Ukishachakaa upande mmoja na kung'arishwa upande mwingine, aliweza kuufanya ujipinde kinyume na mpigaji alivyotarajia, tena kwa kasi. Pale Old Trafford alichukua 6 kwa 53. Huko huko Michael Clarke aliinua gongo akiuacha mpira upite, mpira ukaingia ndani na kung'oa kijiti chake cha nje. Pale Trent Bridge akachukua 5 kwa 44 katika awamu ya kwanza. Katika awamu ya pili kifundo cha mguu kikamsaliti, akatoka uwanjani baada ya ova chache tu. Test ya mwisho pale Oval hakuicheza. Alimaliza mfululizo na wiketi 18 kwa wastani wa mikimbio 21 kwa kila wiketi, wastani bora kuliko mrushaji mwingine yeyote wa timu yake. Ile Test ya Trent Bridge ndiyo ikawa ya mwisho maishani mwake, ya 18, na wiketi 59 kwa jumla. Alikuwa na miaka 26, umri ule ule wa baba yake.

Wengi wakimsimulia Jones huishia hapo na kusikitika. Mimi huona kwamba sehemu yenye mafunzo zaidi ndiyo inayofuata. Mwaka 2006 alikwenda India na timu, akaumia goti mazoezini na kurudishwa nyumbani kabla hata Test ya kwanza haijachezwa. Pakafuata upasuaji na misimu iliyokatika vipande vipande. Mwaka 2008 alihamia Worcestershire na kuchukua wiketi 42 za mechi za siku nne kwa wastani wa mikimbio 18 hivi, takwimu za mrushaji aliye katika ubora wake. Msimu uliofuata goti likamweka nje wote. Akaenda Hampshire, kisha akarudi Glamorgan alikoanzia, safari hii akijikita kwenye mechi fupi, kwa kuwa ndizo mwili wake ungeweza kuzibeba. Alitundika daluga mwaka 2013 baada ya fainali ya ova 40 pale Lord's, Glamorgan ilipofungwa na Nottinghamshire. Miaka minane baada ya Trent Bridge alikuwa bado anarusha. Kijana, uwezo wa kubadilisha aina ya mchezo wako ili uendelee kuucheza ni kipaji sawa na kasi. Nami namheshimu zaidi kwa miaka hiyo minane kuliko kwa zile wiki za 2005.

Turudi kwenye hesabu. Kaunti ziko 18, na msimu unaendelea kuanzia Aprili hadi Septemba. Ndani yake kuna mechi za siku nne na kuna mechi za ova 20, na ratiba huchanganya hizi na zile. Katika mechi ya ova 20 mrushaji haruhusiwi kuzidisha ova nne, yaani mipira 24. Ukicheza hizo kwa wiki kadhaa kisha ukaitwa kwenye mechi ya siku nne, unaweza kujikuta umerusha mipira 120 siku ya kwanza na nahodha anakutaka tena kesho yake. Mruko huo wa mzigo ndio unaovunja watu. Kibaya zaidi, mwili haulalamiki siku hiyo. Madhara ya wiki nzito yanaweza kujitokeza wiki tatu au nne baadaye, wakati umeshasahau. Ndiyo maana nasisitiza daftari, au simu kama huna daftari: tarehe, mipira ya neti, mipira ya mechi, na mahali palipouma. Upandishe mzigo taratibu. Na msidhani kupumzika tu ndiyo dawa. Mrushaji asiyerusha kabisa kwa wiki nyingi naye anarudi na mifupa isiyo tayari.

Kwa wadogo, bodi ya kriketi ya Uingereza, ECB, kwa miaka mingi imekuwa na mwongozo wa mipaka. Kwa mfano, wenye umri chini ya miaka 13 hawakupaswa kuzidisha ova 5 mfululizo na 10 kwa siku. Kocha atakayekuambia uvuke mipaka kama hiyo kwa sababu fainali ni kesho hakutakii mema, hata kama anakupenda. Na ninyi wa nyumbani mnaorushia juu ya mkeka uliotandikwa kwenye saruji, kumbukeni kwamba ardhi hiyo hailegei hata kidogo mguu unapotua. Siku za neti punguzeni idadi, na vaeni viatu vyenye soli nene.

Kuna wazee watakaowaambia kwamba Fred Trueman wa Yorkshire alirusha kutwa nzima, mwaka hadi mwaka, akafikisha wiketi 307 za Test na zaidi ya 2,300 katika kriketi ya daraja la kwanza, yaani mechi zote za siku nyingi kwa jumla. Ni kweli, nami namvulia kofia. Ila Trueman tunamkumbuka kwa sababu alidumu. Waliovunjika wakiwa na miaka 22 hakuna anayewataja. Tangu mwaka 2000 ECB imekuwa ikiwapa wachezaji wakuu wa taifa mikataba yake yenyewe, ili iweze kuwazuia wasichoshwe kwenye kaunti. Wewe bado huna mkataba wa namna hiyo, kwa hiyo mlinzi wako ni wewe mwenyewe.

Kuhusu mtindo wa kurusha nitasema machache. Mtindo wa hatari unaojulikana ni ule ambao nyonga zinaelekea upande mmoja na mabega upande mwingine, kiuno kikabaki kinakamuliwa katikati. Huo urekebishwe mapema. Lakini mtindo ulio salama usiguswe ili tu ufanane na picha ya kitabuni. James Anderson wa Lancashire alibadilishwa mtindo akiwa kijana, mwaka 2006 akapata ufa mgongoni, na alipopona akarudi kwenye urushaji wake wa asili. Alistaafu Test mwaka 2024 akiwa na wiketi 704.

Sasa jambo ambalo nawaomba mlishike hata mkisahau mengine. Semeni maumivu mapema. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, na kwa mrushaji kinachokufa ni msimu, pengine kazi nzima. Maumivu ya upande mmoja wa kiuno yanayozidi unapojipinda nyuma huku umesimama kwa mguu mmoja si uchovu wa kawaida. Kipimo cha picha cha MRI kinaweza kuonyesha mfupa ulioanza kuchoka kabla haujapata ufa, na hapo unapumzika muda mfupi zaidi kuliko yule aliyengoja. Najua kwa nini vijana hunyamaza. Mkataba unaisha Septemba, kuna mwenzako anasubiri nafasi yako, na kocha anasifia wanaovumilia. Hofu hiyo ni ya kweli na siidharau. Hata hivyo, wote niliowaona wakinyamaza walikuja kusema baadaye, wakati walipokuwa hawawezi tena kufunga kamba za viatu.

Na someni. Kuanzia Oktoba hadi Machi kuna muda. Chama cha wachezaji wa kulipwa, PCA, kilianzishwa mwaka 1967 na Fred Rumsey, ambaye mwenyewe alikuwa mrushaji wa kasi, na kinawasaidia wachezaji kujiandaa kwa maisha ya baada ya kriketi. Kitumieni mapema, mkiwa wazima. Mkipata nafasi ya majaribio kwenye kaunti, siku ya kwanza mtafuteni mtaalamu wa viungo wa klabu kabla ya kocha, mpeni daftari lenu la mipira ya miezi mitatu iliyopita, na mmwambie kila mahali palipowahi kuuma.