Kumbukumbu za shule ya bweni si barua ya kumshukuru mfadhili

Msomaji ameuliza aanzie wapi kuandika maisha yake ya mwanafunzi Mweusi aliyesomeshwa kwa ufadhili katika shule ya bweni ya New England, kaskazini-mashariki mwa Marekani. Wenzake ni wengi: shirika la A Better Chance limekuwa likiwapeleka vijana kwenye shule hizo tangu miaka ya 1960, na Prep for Prep, mpango wa New York wenye kazi kama hiyo, ulianza 1978.

Hisia ziweke kando kwanza, kusanya karatasi. Barua ya kukubaliwa, barua ya ufadhili, orodha ya nguo, ripoti za muhula zenye maoni ya walimu, barua ulizoandika nyumbani. Ripoti zikiwa zimepotea, iandikie shule, na omba kwa upole. Sheria ya Marekani ya 1974 inayompa mwanafunzi haki ya kuona faili lake inazibana shule zinazopokea fedha za Idara ya Elimu ya serikali kuu, na shule nyingi za binafsi hazimo. Kisha pekua gazeti la wanafunzi la miaka yako. Kumbukumbu huchanganya mihula. Gazeti litakwambia ile dansi ilikuwa Februari au Mei.

Barua ya ufadhili isome kwa jicho la mhasibu. Ada, chumba na chakula vimelipwa. Je, nauli ya kwenda nyumbani mabweni yanapofungwa kwa Thanksgiving, sikukuu ya Novemba? Vitabu? Mafuta ya nywele ambayo duka la mjini haliuzi? Safari ya kuteleza kwenye theluji ambayo darasa zima linakwenda? Kila pengo katika barua hiyo lina mtu aliyeliziba, au siku ambayo halikuzibika. Sura zako zimo humo.

Deval Patrick, gavana wa Massachusetts kuanzia 2007 hadi 2015, alitoka South Side, upande wa Chicago wenye watu wengi Weusi, kwenda Milton Academy, shule ya bweni ya Massachusetts, akiwa kijana. Amesimulia hadharani kwamba kanuni ya mavazi ilitaka koti na tai, na babu na bibi yake wakajikamua wakamnunulia jaketi jipya, lile jepesi la kuzuia upepo, kwa kuwa neno la Kiingereza "jacket" hubeba yote mawili. Siku ya kwanza ya masomo wenzake wakavaa makoti rasmi ya bluu na ya sufu. Humo hamna hotuba juu ya tabaka wala rangi, na msomaji ameelewa yote. Tafuta kitu chako cha namna hiyo, ueleze kitambaa chake, nani alikinunua, kwa fedha gani.

Usisimulie miaka yote minne. Chagua mwaka mmoja, mingine ipite kwa sentensi. Tukio moja lipe maneno 800 hadi 1,500, likiwa na mahali, saa na waliokuwepo. Kama ulisoma Phillips Exeter, shule ya bweni ya New Hampshire, unaijua meza ya duara dufu yenye wanafunzi kama kumi na wawili, iliyotokana na fedha za tajiri Edward Harkness mwaka 1930: hakuna kiti cha nyuma. Mjadala ukifika kwenye utumwa, andika ulikaa wapi, nani alikutazama na nani aliinamia daftari.

Wenzako walikuwa watoto, kwa hiyo walinde. Kubadili jina peke yake hakutoshi. Badili na mji wao na mchezo wao, la sivyo darasa zima litawatambua. Na yule mliyelala chumba kimoja mpe hofu zake mwenyewe, asiwe Mzungu wa kuigiza ubaya tu.

Kosa linaloua miswada mingi ni shukrani. Mwanafunzi wa ufadhili hufundishwa mapema kumwandikia mfadhili kwamba kila kitu kinakwenda vizuri, na mkono huzoea. Futa aya ya mwisho ya kila sura uone: sura ikisimama bila hiyo aya, iache imefutwa. Hukuhitaji kumthibitishia mtu kwamba unastahili kusoma. Ulikuwa na akili na haki ya kuwa pale, na ukurasa useme hivyo bila kupiga magoti.

Rasimu ikiisha, isomwe nyumbani kabla haijafika kwa mtu yeyote wa shule. Mama anakumbuka bei ya sanduku.